Nyota ya Mtu Mvivu

Bango lilitundikwa Jumanne asubuhi, kati ya nguzo mbili za umeme pale barabara inapoingia kijiji cha Gamnae. Kitambaa cheupe, maandishi ya buluu, urefu wa basi zima: HONGERA MA DEOK-SU, MWANA WA GAMNAE, ALIYEPATA SAYARI. Chini, kwa herufi ndogo, yaliandikwa majina ya waliolitoa: wazee wa kijiji, chama cha wakulima wa matufaha, na wahitimu wa kundi la hamsini na nane la shule ya msingi ya Gamnae.

Pyo Geum-sil alikuwa mhitimu wa kundi hilo hilo. Hakuna aliyemuuliza.

Alisimamisha gari lake dogo la mizigo katikati ya barabara, akalisoma bango mpaka mwisho, kisha akapanda mlima kwenda kazini.

Alikuwa na miaka hamsini na minne, na nusu ya umri huo aliimalizia kwenye kituo cha darubini kilichokaa juu ya mlima. Hakuwa mtaalamu. Wataalamu walitoka mjini, wakakaa siku nne au tano, wakaondoka na takwimu zao. Waliobaki ni yeye na Deok-su, wakipokezana zamu za usiku wiki kwa wiki: kufungua kuba, kuelekeza darubini, kupima unyevu wa hewa, kuandika. Wote wawili waliajiriwa siku ile ile. Kabla ya hapo walikaa dawati moja, na katika mtihani wa kumaliza sekondari Geum-sil alimpita Deok-su kwa alama kumi na moja. Baba yake Deok-su alichinja nguruwe akaalika kijiji kizima. Baba yake Geum-sil alisema vizuri, sasa kachukue ngazi, matufaha yanaiva. Alama kumi na moja. Alikuwa bado anazikumbuka.

Kazini, tofauti yao ilionekana kwenye daftari. Deok-su aliandika: "Mawingu. Nimekula tambi." Geum-sil aliandika saa, dakika, upepo unatoka wapi, ukungu umefika kwenye mti gani, na nani alikohoa karibu na kifaa. Wataalamu wakimtaka mtu wa kuulizwa jambo la zamani, walimtaka yeye. Wakimtaka mtu wa kukaa naye mezani na kibuyu cha pombe ya mchele, walimtaka Deok-su.

Na sayari ikaja kwa Deok-su. Hilo ndilo lililomchoma. Tena ilivyokuja, ilikuja kwa uvivu.

Kati ya nyota moja ya orodha na nyingine hubaki dakika kumi, kumi na tano hivi, ambazo hazina mwenyewe. Geum-sil alizitumia kunakili upya maandishi yaliyokaa vibaya. Deok-su alikuwa na nyota yake ya kaskazini, karibu na pale mbingu inapozungukia, nyota isiyotua mwaka mzima. Darubini husogea kidogo tu kuifikia, na mwendeshaji hana haja ya kuinuka kitini. Basi kila akibaki na dakika, aliupima mwendo wa hiyo. "Bibi yangu huyo," alisema. "Hanisumbui, namkuta nyumbani siku zote." Miaka minane aliipima, bila kuuliza kwa nini, mara mia mbili na kumi na mbili.

Kisha akaja Daktari Seok Ha-rim, mtaalamu kijana, mwanamke mwembamba mwenye koti kubwa. Alikuwa anasafisha mafaili ya zamani, akazikuta zile mara mia mbili na kumi na mbili. Alipozipanga, nyota ikaonekana inayumba: inatusogelea, inatukimbia, inatusogelea tena, kila baada ya siku mia na tatu. Kuna kitu kinaizunguka na kuivuta, alisema. Sayari kubwa kuliko Mshtarii, na nyota yenyewe ni jitu, jua lililozeeka likavimba mara kumi ya hili letu, mbali kiasi kwamba mwanga tunaouona uliondoka huko wakati wafalme wa Joseon, Korea ya zamani, bado wamekaa kwenye viti vyao.

Habari hiyo ilipaswa kukaa mlimani mpaka ihakikishwe. Deok-su akamwambia mama yake. Mama yake ana miaka tisini na mbili, na masikio ya kijiji yote yako kwake.

"Umeliona bango?" Deok-su aliuliza siku hiyo, akiingia na sahani ya keki za mchele. "Niliwaambia waandike na jina lako. Wakasema kitambaa kimejaa."

"Kitambaa cha mita nane kimejaa."

"Wee Geum-sil, kula keki. Nyekundu zina maharage."

Hakula. Alizihesabu, akazifunika.

Alhamisi Daktari Seok akamfuata chumba cha kumbukumbu. "Mwalimu Pyo," alianza. Ndivyo wote walivyomwita, ingawa hajawahi kufundisha hata chekechea. Mtu wa umri ule mwenye kazi yake huitwa hivyo. "Kuna jambo linanikosesha usingizi. Nyota majitu ni kama wazee, mwili haukosi madoa. Doa kubwa likizunguka pamoja na nyota, linaweza kutudanganya tuone inayumba, kumbe hakuna kinachoivuta. Ila doa lina alama yake: kila likija upande wetu, nyota inafifia. Nimesikia zamani mliipima mwanga ile nyota kwa darubini ndogo."

"Mwaka mmoja. Miaka ishirini iliyopita. Ilikuwa nyota ya kulinganishia."

"Zipo karatasi?"

Geum-sil alimtazama kama mtu aliyeulizwa kama nyumbani kwake kuna chumvi.

Karatasi zilikuwepo, zimetobolewa na kufungwa kwenye jalada, kwa mpangilio wa tarehe. Mashine ya siku zile ilichapa saa na kipimo cha mwanga tu. Kalenda yake ilikufa mapema, kwa hiyo tarehe iliandikwa kwa mkono juu ya kila karatasi. Zote zilikuwa kwa mkono wa Geum-sil, maana Deok-su kazi ile ndogo hakuitaka. Aliketi nazo mchana kutwa. Mwaka ule wote nyota ilitulia, isipokuwa mara tatu, ilipofifia kidogo kwa siku chache kisha ikarudi. Mara ya kwanza, tarehe tano mwezi wa sita. Ya pili, kumi na sita mwezi wa tisa. Ya tatu, ishirini na nane mwezi wa kumi na mbili.

Alihesabu kwa vidole, kisha kwa kikokotoo. Siku mia na tatu. Siku mia na tatu tena.

Moyo ulimruka. Hakuwahi kusema hivyo kwa mtu, lakini ndivyo ulivyofanya, uliruka kama wa msichana. Lilikuwa doa. Bibi wa Deok-su alikuwa na doa usoni, na hakuna sayari.

Ijumaa aliziweka tarehe tatu mbele ya Daktari. Daktari alizisoma, akavua miwani.

"Mbili ningesema bahati," alisema. "Tatu si bahati. Mwalimu, nitahitaji jedwali zima, kila karatasi, tarehe, saa, kipimo, hali ya mwezi. Jumatatu nitawaandikia wakubwa kwamba tunaiondoa."

Deok-su alikuwa mlangoni na kikombe chake. Hakucheka. Ilikuwa mara ya kwanza Geum-sil kumwona na uso usiocheka, na alishangaa ulivyo mdogo. "Basi Jumatatu jioni nitakuja na ngazi," alisema. "Nililipandisha mimi mwenyewe lile bango, nitalishusha mimi mwenyewe. Sijui tu nimwambie nini mama. Kila asubuhi anaenda kuliinamia."

Geum-sil alifunga jalada lake. Usoni alikuwa mtulivu. Ndani kulikuwa na ngoma.

Jumamosi ilikuwa siku ya kutia kabichi chumvi kwa ajili ya kimchi, achari ya majira ya baridi, na wanawake saba wa kijiji walichuchumaa uani kwake, mikono ndani ya maji, midomo haipumziki.

"Mama Seung-gyo, na wewe unafanya kazi huko huko juu, sivyo?" mke wa mwenyekiti alimuuliza Geum-sil kwa jina la mwanawe, ingawa alijua vizuri kuwa ndivyo. "Mbona wewe hujapata hata kimwezi?"

"Labda huwa anafuta vioo," mwingine akadakia.

"Muacheni. Bahati ya mwenzio usiilalie mlango wazi."

"Silalii kitu," Geum-sil alisema. "Nipe ndoo hiyo. Chumvi imekuwa nyingi hapo, utatuua."

Wakacheka. Naye alicheka, kwa kuwa alijua kitu wasichokijua, na kitu hicho kilikuwa kitamu kuliko pea iliyomenywa. Ngojeni Jumatatu, alisema moyoni. Ngojeni muone ngazi.

Jumapili baada ya chakula cha mchana alifuta meza ya jikoni, akafungua jalada na kompyuta, akaanza jedwali. Alifanya kama anavyofanya siku zote, karatasi kwa karatasi, bila kuruka. Safu ya tarehe, safu ya saa, safu ya kipimo, safu ya mwezi. Safu ya mwisho aliianza na zile tarehe tatu: alisoma alichoandika pembeni siku ile, kisha akalinganisha na almanaka ya mwaka ule, kwa sababu alikuwa mtu wa kulinganisha.

Alifika karatasi ya ishirini na nane, mwezi wa kumi na mbili. Pembeni palikuwa na mwandiko wake mwenyewe, mdogo na ulionyooka: "Hakuna mwezi kabisa."

Almanaka ilisema mwezi usiku ule ulikuwa karibu kujaa.

Alidhani amekosea mwaka. Hakuwa amekosea. Alitazama karatasi iliyotangulia, ya ishirini na saba: "Mwezi haujatoka." Ya ishirini na sita: "Kipande chembamba alfajiri." Karatasi sita za zamu moja, na zote mwezi wake haukuwa mwezi wa mbinguni; nyingine zote alizozitazama zililingana. Mwezi unaweza kufichwa na mawingu, lakini haubadilishi umbo kwa ajili ya mtu.

Akainua macho kwenye ukuta wa jikoni, na hapo akakumbuka.

Ule ulikuwa mwaka ambao mama mkwe wake, majira ya baridi yakielekea mwisho, alianguka bafuni akalala kitandani. Geum-sil, mke wa mtoto wa kwanza, alikabidhiwa wafu wote wa ukoo: baba mkwe, babu, bibi wawili, kila mmoja na siku yake ya kuandaliwa meza, na siku za wafu huhesabiwa kwa kalenda ya mwezi, ile ya wazee inayofuata mwezi wa angani. Ukikosea siku, marehemu anakuja akakuta meza tupu. Alitundika kalenda ya mwezi jikoni, akaishi nayo usiku na mchana kipindi chote kile, akipika, akimgeuza mgonjwa, kisha akipanda mlima kwa zamu yake. Akifika juu aliandika tarehe iliyokuwa kichwani. Na iliyokuwa kichwani ilikuwa ya jikoni. Ishirini na nane ya mwezi wa kumi na mbili ya kalenda ile ni siku mbili kabla ya mwaka mpya wa wazee. Kwa kalenda ya ofisini, ni tarehe tisa, mwezi wa pili.

Halafu, kwa kuwa karatasi zilikuwa moja moja, siku alipozitoboa na kuzipanga alizitia mahali palipoandikwa: kati ya karatasi za mwezi wa kumi na mbili. Deok-su angeziacha kwenye droo zimevurugika, na mtu angeshangaa. Unadhifu wake ndio uliolifukia kosa, na kulipiga pasi juu.

Alihesabu upya. Kutoka kumi na sita mwezi wa tisa mpaka tisa mwezi wa pili ni siku mia na arobaini na sita. Si mia na tatu. Nyota ilififia mara tatu ovyo, kama mzee anavyosinzia, bila kufuata ngoma yoyote. Doa halikuwa na saa. Sayari ilikuwepo.

Mumewe, Cheon-bok, aliingia na kreti ya matufaha yaliyogongwa, akamkuta amekaa mikono mapajani.

"Kuna nini?"

Alimweleza. Cheon-bok alivua glavu moja, akafikiri, akavua ya pili.

"Nani mwingine anajua?"

"Hakuna."

"Na karatasi zinasema mwezi wa kumi na mbili."

"Kwa mkono wangu."

"Basi si umeandika tayari? Nakili kilichoandikwa. Safu ya mwezi andika mawingu." Alichukua tufaha moja, akaligeuza kutafuta upande mzima. "Mama Seung-gyo, miaka mingapi nimekusikia ukimsema Deok-su? Hata usingizini unamsema. Sasa Mungu amekupa."

Akatoka. Geum-sil akabaki na safu tupu. Lilikuwa neno moja tu, mawingu, neno ambalo Deok-su aliliandika maelfu ya mara bila hata kuinua kichwa kuangalia juu. Aliliandika. Akaliangalia. Hakulifuta. Akafunga kompyuta, akaenda kugeuza kabichi.

Usiku huo wivu haukumwacha alale, na asubuhi haukumwacha ale. Alikuwa ameuzoea kama mtu anavyozoea kiatu kinachobana, lakini sasa ulikuwa na sura nyingine. Zamani ulimwambia: kile ni chako, wamempa yeye. Sasa ulimwambia: kile ni chake, na wewe umekishika mkononi, kaza.

Jumatatu alifika mlimani saa nne. Daktari Seok alikuwa mbele ya kompyuta, barua ya kuiondoa sayari imeshaandikwa, inasubiri jedwali tu. Deok-su alikuwa amekaa karibu na birika, amevaa shati lililopigwa pasi, jambo ambalo halikuwa la kawaida.

"Nimekusubiri," alimwambia. "Nataka kusema kabla sijakwenda na ngazi, maana baadaye nitakuwa nimelewa." Alisimama. Alisimama kabisa, mikono ubavuni, kama mbele ya mkubwa. "Ijumaa nilikasirika. Nikasema huyu mwanamke kanivizia miaka yote. Halafu nikafikiri, bora ameona Geum-sil. Angeona mgeni ng'ambo huko, tumeshatangaza, tungechekwa na dunia. Mimi naandika upuuzi, kila mtu anajua. Wewe hukosei. Nimewaambia hata nyumbani: Geum-sil akisema ni doa, ni doa. Huyo hakosei."

Maneno hayo aliyasubiri miaka ishirini na saba. Angeyapokea wiki iliyopita, angeyakunja na kuyaweka kifuani mpaka kufa. Yalikuja leo, na hayakuwa yake. Alihisi kama mtu aliyevishwa koti la mwingine mbele za watu na kuambiwa limemkaa.

"Kaa chini," alisema.

"Nimesema tu ahsante, mbona unanifokea?"

"Kaa chini, Deok-su. Daktari, usiitume hiyo barua."

Aliweka jalada mezani, akalifungua kwenye zile karatasi sita, akaeleza: mama mkwe, wafu, kalenda ya jikoni, tarehe tisa mwezi wa pili. Alieleza taratibu, kwa mpangilio, kama anavyoandika. Alipofika kwenye mwezi uliokataa, Daktari Seok alikuwa ameshavuta almanaka na kuhesabu mwenyewe. Alihesabu mara tatu. Kisha akaegemea kiti, akapumua kama mtu aliyetua mzigo.

"Mia na arobaini na sita," alisema. "Haifuati mwendo wa kuyumba hata kidogo. Mwalimu Pyo, hii ni bora kuliko kama nyota ingetulia mwaka mzima. Inaonyesha madoa yapo, na si hayo yanayoiyumbisha."

Deok-su alitazama mmoja, akatazama mwingine. "Kwa hiyo ipo?"

"Ipo."

"Na Geum-sil amekosea tarehe?"

"Ndiyo," Geum-sil alisema.

Kicheko kilianza tumboni kwa Deok-su, kikapanda taratibu, kikamtoa machozi. "Geum-sil! Geum-sil kaandika siku ya kumpikia baba mkwe! Siku ile mzee amekuja kula, kakuta ametiwa kwenye faili la nyota!" Alipiga goti. "Ngoja niwaambie kijijini!"

"Waambie," Geum-sil alisema, na uso ulimwaka mpaka masikioni. Hapakuwa na wema wowote ndani yake wakati ule. Aliyatazama mashavu yale mekundu yenye furaha, akamwonea wivu kuliko Jumanne, kwa kuwa sasa sayari ilikuwa ya Deok-su kweli.

Daktari Seok tayari alikuwa anaandika, barua ya zamani imefutwa, anarekebisha makala yenyewe. "Bwana Ma atakuwa wa tatu katika orodha ya waandishi," alisema bila kugeuka. "Kuhusu hizi karatasi, nitaweka sentensi moja tu: tarehe za usiku sita zilisahihishwa kutoka kalenda ya mwezi. Sitamtaja mtu."

"Nitaje," Geum-sil alisema.

Vidole vya Daktari vilisimama. "Mwalimu, makala haifutiki. Watu watasoma miaka hamsini ijayo. Hakuna sababu jina lako likae kwenye kosa."

"Aliyepima nani?"

"Wewe."

"Aliyekosea nani? Aliyeona?"

"Wewe, na wewe."

"Basi nitaje."

"Jamani!" Deok-su alifuta macho kwa mkono wa shati. "Mtu anagombania mpaka kosa!"

"Nyamaza, nawe. Lako umepata."

Daktari akaandika, akisoma kwa sauti: vipimo vya mwanga vilichukuliwa na Pyo Geum-sil, ambaye baadaye aligundua kuwa tarehe za usiku sita alikuwa ameziandika kwa kalenda ya mwezi, akazisahihisha. Geum-sil alikuja kusimama nyuma ya kiti, akasoma kwenye kioo cha kompyuta, neno kwa neno.

"Hiyo iko ukurasa wa ngapi?"

"Wa tisa."

"Na jina lake?"

"La kwake liko ukurasa wa kwanza, Mwalimu. Chini ya kichwa."

Geum-sil alisoma sentensi ile tena. Deok-su akajifanya anatafuta kikombe.

"Ongeza na namba za karatasi," Geum-sil alisema mwishowe. "Kuanzia mia na nne mpaka mia na tisa. Wasije wakazitafuta kwenye mwezi wa kumi na mbili."